Si Programu, ni Haraka

Leo nataka kuwatetea wenye PSP. Kampuni ya Sony ilitoa programu endeshi ya mwisho ya chombo hiki, namba 6.61, mwaka wa 2015. Anayetaka zaidi hutia iliyoundwa na mafundi wa nje. Kuna wanaosema kufanya hivyo ni kuharibu mali. Mimi nakataa katakata! Kinachoharibu si programu, ni haraka.

Jamani, chaji ikiisha kumbukumbu ya ndani ikiandikwa upya, PSP haiwaki tena. Inabaki tofali tu! Basi jaza betri kwanza, na waya uwe kwenye stima mpaka kazi iishe. Nakili vitu vyako kwenye kompyuta. Halafu tazama modeli: programu ya PSP-1000 yaweza kuiua PSP-3000. Hujui? Uliza, kuuliza si ujinga.

Sisi wa shule ya kutwa hudunduliza nauli miezi mingi, tukitembea kwa miguu, ndipo tupate PSP kuukuu. Mbona uipoteze kwa dakika tano? Wahenga hawakukosea: haraka haraka haina baraka.