Kalausi si kontenti tu

Wasee, ile klipu ya kalausi niliyoposti kutoka Nyatike ndiyo imetazamwa kuliko zote nilizowahi kutoa. Saa nane mchana, jua la kuchoma, nguzo ya vumbi inainuka karibu na Macalder, inazunguka na mifuko na karatasi, mimi nimesimama na simu nacheka. Komenti nazo: "majini hao", "kimbia bro". Juzi nimeitazama tena nikanyamaza. Nyuma ya kalausi unaona lundo la mchanga wa mgodi, na kando yake jamaa amefunga shati mdomoni. Huyo ni bro wangu mkubwa.

Huku kwetu ukikua unaambiwa kalausi hubeba mapepo. Nyawawa wakipita tunagonga sufuria, wanaenda. Kalausi hata ugonge sufuria za kijiji kizima, vumbi linabaki kwa mapafu.

Niliacha chuo mwaka wa pili, so usiniite profesa, lakini hii ni rahisi. Ardhi ikiwa uchi, jua linaichoma, hewa ya chini inapanda kwa kasi na kuanza kuzunguka. Hapo una kalausi. Halafu upepo wa ziwa unakuja alasiri. Chembe nzito za mchanga haziruki mbali, zinadundadunda chini, na kila zinapogonga udongo zinaachilia zile laini kabisa. Hizo laini ndizo hupaa.

Sasa, nani aliiacha ardhi uchi? Nyatike ni kukavu, sawa, hiyo si kosa la mtu. Lakini miti imekuwa makaa, mbuzi wamemaliza nyasi, na mashimo ya dhahabu yamepindua udongo juu chini. Na usijifanye hauhusiki. Hiyo nyama choma ya Migori mjini na Homa Bay inachomwa na nini? Pita kando ya Ruma, bonde la Lambwe, mahali nyasi zimeachwa zisimame. Upepo upo, udongo umetulia. Marekani walilima nyasi za tambarare zao zikaisha, ukame ukaja, na tarehe 14 Aprili 1935 mchana ukageuka usiku. Waliiita Jumapili Nyeusi.

Ya kwetu ina ubaya wake wa ziada. Dhahabu ya Migori iko ndani ya mawe ya kwatzi, na ukiyasaga makavu unapata vumbi la silika. Chembe zinazofika ndani ya mapafu ni ndogo kuliko mikroni 10. Unywele wako una kama 70. Shati mdomoni halizuii hiyo kitu. Ugonjwa wake unaitwa silikosisi, hauna tiba, na unaifungulia TB mlango. Lile lundo nalo lina mabaki ya zebaki ya kukamatia dhahabu. Likikauka, upepo unalipeleka kwa nyumba za watu.

Kuna wale watakomenti "fungeni migodi". Zii. Semesta yangu ya mwisho ililipwa na hiyo dhahabu, na ilipokosekana ndipo nikarudi nyumbani. Mimi nataka maji. Jiwe liloweshwe kabla ya kusagwa, mashine inyunyiziwe ikizunguka, lundo lifunikwe. Mwenye mashine pale anapofanya bro anasema maji ni gharama. Manze, ziwa liko hapo Muhuru Bay, na kijana akianza kukohoa anatafuta mwingine asubuhi ifuatayo. Hiyo ndiyo hesabu inanikasirisha. Kaunti ikitaka kodi ya dhahabu, iulize kwanza kama kuna maji kwa mashine.

Nilimpigia bro nikamweleza haya yote. Akacheka, akakohoa, akauliza kama ile klipu imelipa. Ikilipa, anataka nimnunulie mpira wa maji, mita 20.