Mahindi Yaliyokataliwa Huliwa na Nani?

Kila sumukuvu inapozungumzwa katika majukwaa yetu, maneno mawili hutawala: soko na elimu. Tunaambiwa kuwa sumu hii inatupotezea soko la nje, na kwamba dawa yake ni kumpa mkulima elimu. Sisemi kuwa maneno hayo ni uongo. Ninachosema ni kwamba yamegeuzwa pazia, na nyuma ya pazia hilo kuna watu wanaokula sumu kila siku, ilhali serikali inajua.

Historia yenyewe ya sumu hii ina fedheha. Haikugunduliwa kwa sababu watu walikufa. Mwaka 1960 bata mzinga zaidi ya 100,000 walikufa nchini Uingereza baada ya kulishwa mashudu ya karanga yaliyotoka Brazil. Wafugaji wakapata hasara, wanasayansi wakaitwa, na baada ya muda mfupi kuvu iitwayo Aspergillus flavus ikatambuliwa kuwa ndiyo inayotengeneza sumu hiyo. Kumbe fedha ikipotea, jibu hupatikana upesi.

Sisi tumekuwa tukihesabu makaburi. Mwaka 2004, katika maeneo ya Makueni na Kitui na jirani zake huko Kenya, waliugua watu 317 na 125 kati yao wakafa. Watafiti walipopima bidhaa za mahindi katika masoko ya eneo hilo, zaidi ya nusu zilizidi kiwango cha juu kilichoruhusiwa na sheria ya Kenya wakati huo. Mwaka 2016 ikawa zamu yetu: Dodoma na Manyara waliugua watu zaidi ya 60, na takriban 20 wakafariki. Hao hawakuwa wafanyabiashara waliokosa soko. Wengi walikula mahindi ya mashamba yao wenyewe, kutoka katika maghala yao wenyewe, na hakuna mpimaji aliyewahi kuyagusa.

Na hivyo ni vifo vya ghafla tu, vinavyotikisa magazeti kwa wiki mbili. Sumukuvu ikiliwa kidogo kidogo kwa miaka huleta saratani ya ini, na kwa mtu mwenye virusi vya homa ya ini aina ya B hatari huongezeka maradufu na zaidi. Mgonjwa wa namna hiyo hufariki hospitalini akiandikiwa saratani. Neno mahindi halimo katika cheti chake cha kifo.

Sasa tuitazame hiyo elimu. Kuvu hii inaishi udongoni. Huingia katika muhindi ungali shambani, hasa mvua inapokatika na joto kupanda wakati punje zinajaa, na wadudu wakiisha kutoboa njia. Baada ya kuvuna hustawi katika nafaka isiyokauka vema. Viwango vya Afrika Mashariki vinataka unyevu usiozidi asilimia 13.5. Kupika ugali hakuiondoi, kwa kuwa moto wa jikoni hauiwezi. Kukoboa kunapunguza sehemu yake, lakini pumba huenda kwa kuku na ng'ombe, na sumu huibukia tena katika maziwa.

Katika maelezo hayo, ni kipi ambacho semina ya siku moja itakitibu? Mkulima hawezi kuelimishwa hadi mvua inyeshe. Anajua kuwa mahindi mabichi huoza. Bibi yake alijua. Akivuna mapema ni kwa sababu watoto wana njaa, au anahofia wezi. Akianika juu ya udongo ni kwa sababu hana turubai. Kumwita mjinga ni njia nafuu ya kutomnunulia turubai. Hata nyasi za viwanja vya gofu huugua kuvu, lakini zina mtu aliyeajiriwa kuzikagua kila asubuhi, na sijasikia nyasi zikilaumiwa kwa kukosa elimu.

Nikirudi kwenye soko: Machi 2021 mamlaka ya kilimo na chakula ya Kenya ilizuia mahindi ya Tanzania na Uganda kwa sababu ya sumukuvu. Palikuwa na kelele, simu zikapigwa kati ya miji mikuu, na baada ya siku chache zuio likaondolewa kwa masharti, likiwamo la cheti cha kuonyesha kuwa sumu haizidi sehemu 10 kwa bilioni. Sina ugomvi na masharti hayo. Nilipowauliza wanafunzi wangu wa mwaka wa tatu, "Lori likikosa cheti, shehena inakwenda wapi?", darasa lilinyamaza. Kisha binti mmoja akajibu kwa upole: "Mwalimu, yanarudi sokoni."

Hapo ndipo siasa ilipo. Kipimo bila mpango wa kununua na kuteketeza yaliyokataliwa, au kuyapeleka katika matumizi yasiyo ya chakula, hakiondoi sumu nchini. Kinaichuja tu: mahindi safi yanakwenda kwa mwenye uwezo wa kudai cheti, machafu yanabaki kwa asiyeweza kukataa, yaani mashine ya kijijini, chungu cha shule ya kata, soko la Jumamosi. Mfanyabiashara akijua kuwa kukiri ni kufilisika, hatakiri.

Wasomaji wangu mlio katika utumishi wa umma mnaijua pia hadithi ya mafaili. Shamba ni la Wizara ya Kilimo. Usalama wa chakula, tangu 2019, uko TBS. Mgonjwa ni wa Wizara ya Afya. Soko ni la halmashauri. Mahindi yenyewe hupita kote huko kwa siku moja. Mradi wa TANIPAC umetujengea maghala, na kiuatilifu hai cha Aflasafe, ambacho hutumia kuvu zisizo na sumu kuzishinda zile zenye sumu, kimesajiliwa nchini tangu 2018. Hivyo si kweli kwamba hatujui la kufanya. Lakini mradi una tarehe ya mwisho, na kuvu haina.

Ninataka kuona mambo haya katika bajeti, kwa tarakimu, si katika hotuba: fungu la kununua nafaka iliyoshindwa kipimo, Aflasafe yenye ruzuku kama mbolea, mashine ya kukaushia kwa kila kata ya mikoa yenye ukame, na upimaji wa lazima wa unga wa shule kabla ya ule wa kuuza nje. Mbunge wa Dodoma au Manyara atakayesimama kuuliza fungu hilo liko ukurasa gani, nitamsikiliza.