Rudia, Bibi

Niliwahi kulipwa ili nimwambie bibi mmoja wa Kibosho arudie kuingia nyumbani kwake mwenyewe.

Alikuwa ametoka kukata majani ya ng'ombe. Akapita chini ya migomba na mzigo wake kichwani mpaka bandani, lakini wapiga picha hawakuwa tayari. Nikatafsiri: "Bibi, wanaomba urudi kule chini, uingie tena." Akarudi. Mara ya tatu simu ikalia kwenye mfuko wa sweta. Alikuwa mwanawe wa Dar es Salaam, anapiga kuhusu ada ya mjukuu. Wakasema simu inaharibu picha, aizime. Nikatafsiri na hilo. Kesho yake waliondoka, na filamu ikatangazwa kuwa ya kutazama maisha yalivyo, bila kuyaingilia.

Maisha yalivyo yalikuwa kwenye ile simu!

Wenye kazi hii hujisifu kwamba wao ni kama nzi ukutani. Kwetu nzi hufukuzwa. Anayetaka kuona kihamba kinavyoishi akae, achoke, awe mgeni aliyezoeleka mpaka watu wagombane mbele yake zamu ya maji ya mfongo bila kumjali. Hilo halipatikani kwa siku mbili, wala kwa kupita na gari kuelekea Umbwe kupanda mlima.

Na wapo waliokaa. David na Judith MacDougall walipiga filamu kwa wafugaji Wajie wa Karamoja, Uganda, mwaka 1968, ikatoka 1972 kwa jina To Live with Herds. Mazungumzo ya Wajie yanasikika kwa lugha yao wenyewe, tafsiri imeandikwa chini ya picha. Karibu zaidi na sisi ipo The Letter ya Maia Lekow na Chris King, ya mwaka 2019, kuhusu bibi wa pwani ya Kenya anayetuhumiwa uchawi na watu wa ukoo wake. Nani atamtuhumu mama yake mbele ya mgeni aliyefika jana?

Nitaambiwa habari ya fedha: mfadhili anataka filamu kwa tarehe fulani, na kila siku ya kulala Moshi ina bei yake. Sawa. Basi watengeneze filamu ya siku mbili na waiite hivyo. Wasituuzie maigizo kwa jina la utazamaji.

Mimi mwenyewe simo nje ya lawama. Karatasi ya idhini ilikuwa ya Kiingereza, kurasa kadhaa. Nilimwambia bibi, "Ni ruhusa ya kupigwa picha tu," naye akaweka dole gumba.

Filamu ilipotoka nilimpelekea kwenye simu yangu. Aliitazama akitabasamu, akamwona ng'ombe wake, akajiona anaingia mgombani. Kisha akaonekana ameketi akieleza jambo kwa Kichaga, mikono ikienda huku na huku, na juu ya sauti yake mwanamume akisoma Kiingereza. Bibi akaisogeza simu sikioni.

"Mjukuu wangu, pale nilikuwa nasema nini?"

Nilikuwepo siku ile. Nililipwa kutafsiri kila neno. Sikukumbuka.