Habari ya Afya Ipimwe Kabla ya Kutangazwa

Miaka kadhaa iliyopita, kijana mmoja alimleta mama yake katika wodi niliyokuwa nikihudumu. Mama huyo alikuwa mgonjwa wa kisukari wa muda mrefu, na alifika akiwa hana fahamu. Tulipomhoji kijana, alieleza kwamba mama alikuwa ameacha sindano za insulini kwa siku kadhaa na badala yake akanywa dawa ya mizizi. Nilipouliza ni nani aliyemshauri, alinijibu kwa unyenyekevu: "Daktari, tulisoma gazetini." Mama alinusurika, lakini jibu lile limebaki nami hadi leo.

Jambo hili si geni nchini mwetu. Mwaka 2011 maelfu ya watu walimiminika katika kijiji cha Samunge, Loliondo, mkoani Arusha, ambako mchungaji mstaafu, Ambilikile Mwasapila, alikuwa akitoa kikombe cha dawa ya mitishamba kwa shilingi 500. Ilisemekana kwamba kikombe hicho kinatibu kisukari, saratani, pumu na hata UKIMWI. Foleni ya magari ilienea kilometa nyingi, na wapo wagonjwa waliofariki dunia kabla ya kukifikia. Vyombo vya habari havikuizua foleni ile. Ilikuwapo, na kuiripoti ulikuwa wajibu wao. Tatizo ni kwamba mara nyingi shuhuda za waliojisikia nafuu zilitangazwa kana kwamba ni vipimo. Maswali ya msingi yalisikika kwa nadra: Ni nani aliyethibitisha ugonjwa kabla ya kikombe? Ni nani aliyempima mgonjwa tena baadaye? Je, miezi sita ikipita, mgonjwa huyo yuko katika hali gani?

Wahenga walisema, lisemwalo lipo, na kama halipo laja. Katika tiba msemo huu hauna budi kutumiwa kwa tahadhari kubwa, kwa kuwa linalosemwa na wengi laweza lisiwepo kabisa, na likaja na msiba.

Wapo wanaodhani kwamba kutoegemea upande ni kumpa daktari aya moja na mponyaji aya moja, kisha kumwachia msomaji aamue. Sikubaliani nao. Usawa wa nafasi gazetini si usawa wa ushahidi. Mwandishi asiye na upendeleo ni yule anayemwambia msomaji kila dai limesimama juu ya nini: ushuhuda wa mtu mmoja, au utafiti uliolinganisha wagonjwa waliopewa dawa na wasiopewa.

Kipimo hicho kitumike pande zote. Si haki kuidharau mitishamba kwa sababu tu ni mitishamba. Artemisinini, ambayo ndiyo msingi wa dawa mseto za malaria tunazozitumia leo, ilipatikana katika mmea uliotumika katika tiba ya jadi ya Uchina, na mtafiti Tu Youyou alitunukiwa Tuzo ya Nobel mwaka 2015 kwa kazi hiyo. Mmea huo uliaminiwa baada ya kupimwa. Vivyo hivyo, taarifa ya kampuni ya dawa, au hata ya hospitali inayojisifia mashine mpya, inastahili maswali yaleyale anayoulizwa mganga wa kijijini.

Mafunzo yaguse pia hesabu. Mwaka 2015 Shirika la Kimataifa la Utafiti wa Saratani lilitangaza kwamba kula gramu 50 za nyama iliyosindikwa kila siku huongeza hatari ya saratani ya utumbo mpana kwa asilimia 18. Msomaji asiyefafanuliwa aweza kudhani kwamba watu 18 kati ya kila 100 watakaokula soseji wataugua. Sivyo. Tuchukulie kwamba katika jamii fulani watu 5 kati ya 100 hupata saratani hiyo maishani; ongezeko la asilimia 18 huwafanya wawe karibu 6. Hatari ipo, lakini ukubwa wake ni mwingine kabisa.

Kwa hiyo napendekeza kwamba vyuo vya uandishi wa habari vifundishe kusoma utafiti wa tiba na takwimu zake, na wahariri nao wahudhurie mafunzo hayo, kwa kuwa kichwa cha habari aghalabu hutungwa na mhariri. Vyuo vikuu vya tiba viwapokee waandishi kwa wiki chache maabara na kliniki, bila kuvunja siri za wagonjwa.

Hata hivyo, lawama zisiishie kwao. Mara ngapi mwandishi amempigia simu daktari bingwa akaambiwa apeleke barua, ilhali gazeti linachapwa usiku uleule? Tunapokaa kimya, anayezungumza ni mwenye dawa ya kuuza. Nasi tunahitaji mafunzo: ya kueleza jambo kwa Kiswahili chepesi, kwa wakati, na kukiri pale ambapo sayansi bado haijapata jibu.

Kwako mgonjwa, nina ombi moja. Ukisoma au ukisikia habari ya dawa mpya, usiache dawa unayotumia. Njoo na habari hiyo kliniki, tuisome pamoja. Nanyi wahudumu wenzangu, mgonjwa akija nayo, msimcheke wala kumkaripia. Akiondoka na aibu, safari ijayo hatatuuliza, na huenda tukamwona tena akiwa amebebwa kama yule mama.