Kura ambayo babu hakuipiga

Nimekuwa kimya wiki mbili hizi, msinilaumu. Nilikwenda nyumbani Rubafu, kule ambako mtandao wa simu unakuja ukipenda na kuondoka bila kuaga. Wakati tunapanga vitu vya marehemu babu, nikakuta mfuko wa nailoni uliofungwa vizuri. Ndani yake kulikuwa na stakabadhi za kahawa za chama cha msingi, kitambulisho chake cha mpiga kura, na kitabu cha Katiba Inayopendekezwa.

Kitabu kimechakaa. Babu alikisoma na penseli mkononi. Kwenye mambo ya ardhi ameandika "ndiyo". Kwenye muundo wa Muungano ameandika, "Sisi tulisema tatu." Mwaka 2012, Tume ya Jaji Warioba ilipokuwa inakusanya maoni, alikwenda mkutanoni kwa mguu, akasimama, akasema lake. Akaambiwa asubiri, siku ya kuamua itakuja. Alifariki 2019 akiwa bado anasubiri.

Leo nataka tuzungumze kuhusu siku hiyo ambayo haikuja.

Kwanza, neno lenyewe. Nenda kijiji chochote cha Bugabo uwaulize watu kama wanajua kura ya maoni. Watakujibu, "Ile ya kumpata mgombea wa chama?" Jamani, hapo ndipo tulipofika! Neno la heshima kubwa kuliko yote katika siasa, lile la wananchi kuamua jambo la nchi wao wenyewe, sisi tumelishusha mpaka kwenye mchujo wa wagombea. Si ajabu. Watanzania kama taifa moja hatujawahi kupiga kura hiyo hata siku moja.

Tukumbushane. Tarehe 22 Aprili 1964 Mwalimu Nyerere na Mzee Karume walisaini Hati za Muungano. Siku nne baadaye nchi mbili zikawa moja. Mwananchi hakuulizwa, si wa Tanganyika wala wa Zanzibar. Katiba ya 1977 ilipitishwa na Bunge la Katiba. Mwananchi hakuulizwa. Mwaka 1992 tuliingia vyama vingi. Tume ya Jaji Nyalali ilikusanya maoni, lakini kura haikupigwa. Katiba hiyohiyo, ibara ya 8, inasema mamlaka yote yanatoka kwa wananchi. Halafu ibara ya 98 inasema Katiba inabadilishwa na theluthi mbili ya wabunge, na kwa mambo mazito ya Muungano, theluthi mbili ya kila upande. Sasa mwenye mali ni nani hapa, na msimamizi ni nani?

Ikaja ahadi. Sheria ya Mabadiliko ya Katiba ilitungwa 2011. Rasimu ya pili ya Warioba, Desemba 2013, ikapendekeza serikali tatu. Bunge Maalum likakaa Dodoma 2014, UKAWA wakatoka nje Aprili, waliobaki wakarudisha serikali mbili na kupitisha Katiba Inayopendekezwa Oktoba 2. Kura ya maoni ikapangwa tarehe 30 Aprili 2015. Tarehe 2 Aprili, Mwenyekiti wa Tume ya Uchaguzi, Jaji Lubuva, akatangaza kuahirisha, sababu uandikishaji wa wapiga kura kwa mashine za BVR haujakamilika. Kuahirisha, wadau! Zaidi ya miaka kumi imepita. Toka wakati huo tumepiga kura za udiwani, za ubunge na za urais, kwa hiyo wapiga kura walipatikana. Ile moja tu ndiyo imekosa nafasi.

Wenzetu wa Zanzibar walau wameonja. Julai 31, 2010 waliulizwa kama wanataka serikali ya umoja wa kitaifa baada ya miaka ya kugombana, asilimia 66 wakasema ndiyo. Mwaka huohuo wakaweka kifungu cha 80A kwenye Katiba yao: yapo mambo ambayo Baraza la Wawakilishi haliwezi kuyagusa mpaka wananchi wapige kura. Yaani ndani ya Jamhuri moja, mtu wa Pemba ana kufuli mlangoni, mtu wa Rubafu hana hata komeo.

Nikiandika haya najua mtaniambia, "Kijana, usishabikie vitu. Kura ya maoni imewanyonga wengi." Kweli kabisa, na mimi ninatoka karibu na mpaka, nimeona majirani.

Uganda mwaka 2000 wananchi waliulizwa: mfumo wa Movement au vyama vingi? Zaidi ya asilimia 90 wakasema Movement. Mwaka 2005 wakaulizwa tena, zaidi ya asilimia 90 wakasema vyama vingi. Na mwaka huohuo wa 2005 ukomo wa vipindi vya rais ukafutwa Bungeni, bila mwananchi kuulizwa. Umeona mchezo? Swali ambalo mkubwa analijua jibu lake linapelekwa kwa wananchi, swali analoliogopa linabaki kwa wabunge. Rwanda 2015, asilimia 98 wakakubali Katiba inayomruhusu Rais Kagame kuendelea kugombea. Burundi 2018, kipindi cha rais kikatoka miaka mitano kikawa saba.

Lakini vukeni upande wa pili. Kenya, Novemba 2005, Rais Kibaki alipigia kampeni rasimu yake kwa alama ya ndizi. Wakenya wakachagua chungwa, asilimia 58 hivi wakasema hapana, na rasimu ikafa. Mwaka 2010 wakaulizwa upya, asilimia 67 wakasema ndiyo. Na Machi 31, 2022, wakubwa walipotaka kuibadilisha Katiba hiyo kwa BBI, Mahakama ya Juu ilizuia. Tofauti ya Kenya na wale wengine ni moja: serikali iliweza kushindwa. Kura ya maoni ambayo serikali haiwezi kushindwa ni sherehe, siyo kura.

Kuna na upande wa sheria ya kimataifa, nao unatuhusu sisi wa Kagera kuliko tunavyofikiri. Novemba 1978 Idi Amin alitangaza kwamba ardhi yote ya kaskazini mwa Mto Kagera ni ya Uganda. Alimuuliza nani? Wazee wetu walikimbia na mikungu ya ndizi kichwani. Ajabu ni kwamba Uganda hiyohiyo, Novemba 1964, iliwahi kuwauliza watu wa Buyaga na Bugangaizi kama wanataka kubaki Buganda au kurudi Bunyoro. Wakachagua Bunyoro. Kabaka Mutesa, aliyekuwa pia Rais wa nchi, akakataa kusaini, lakini kura ikasimama.

Hapa napo msidanganyike kwamba kura peke yake inatosha. Desemba 1974 Wakomoro walipiga kura, wengi mno wakataka uhuru. Ufaransa ikahesabu kisiwa kimoja kimoja, ikasema Mayotte wamekataa, ikabaki nayo. Umoja wa Mataifa ukapinga. Kwa hiyo kabla ya kuhesabu kura, amua kwanza "wananchi" ni akina nani. Sudan Kusini walipiga kura Januari 2011, karibu asilimia 99 wakataka kujitenga, na dunia ikawapokea, kwa sababu kura hiyo ilikuwa imeandikwa kwenye mkataba wa amani wa 2005. Crimea 2014 ilipigwa chini ya wanajeshi wa Urusi, nchi 100 kwenye Umoja wa Mataifa zikakataa kuitambua. Kura inapata nguvu kutoka kwenye sheria iliyokuwepo kabla yake.

Sasa turudi kwa wale wasomi wenzangu. Mmoja aliniambia chumba cha habari, eti, "Bibi yako wa kijijini ataelewa vifungu?" Nilikasirika. Huyo bibi mnampa karatasi ya kura kila baada ya miaka mitano achague rais, hapo hamuulizi kama anaelewa! Na babu yangu wa darasa la nne alisoma Katiba yote kwa kibatari. Wabunge wangapi walifanya hivyo?

Hoja nzito ni moja tu. Karibu asilimia 80 ya waliotoa maoni kwa Tume ya Nyalali walitaka chama kimoja kibaki. Tungepiga kura 1991, pengine vyama vingi vingekufa. Hii inaniumiza kichwa, sifichi. Lakini jibu langu ni kwamba haki za msingi, kama ile ya watu kujiunga na chama wanachotaka, hazipigiwi kura kabisa, ni za kila mtu hata akiwa peke yake. Kinachopigiwa kura ni namna ya kutawaliwa: madaraka ya rais, muundo wa Muungano, ukomo wa uongozi.

Nataka nini basi? Kura ya maoni iandikwe ndani ya Katiba yenyewe, isitegemee hisani ya mtu. Tarehe yake isiahirishwe na tume bila kutaja tarehe nyingine. Swali lisiwe furushi moja. Babu alikuwa na ndiyo yake na hapana yake ndani ya kitabu kimoja, angeweka alama wapi? Na "hapana" iwe na maana. Kwa sheria ile, hapana ingeturudisha kwenye Katiba ya 1977, yaani unachagua kati ya walichoandika wao na walichoandika wao zamani.

Kitabu nimekichukua, ninacho hapa Dar juu ya meza. Wanaosema mchakato utafufuliwa, mimi sina ugomvi nao. Nawauliza kitu kimoja tu: tarehe ngapi?

Wewe msomaji unaonaje? Matusi hapana, hoja karibu.