"Ajali Haina Kinga" ni Neno la Wavivu

Kila chombo kinapozama au ndege inapoanguka, twasikia watu wakisema, "Ajali haina kinga." Husemwa matangani, husemwa barazani, na hata wakubwa hulisema. Sisi walimu tukaao Umwe, katika nchi ya Rufiji, twalikataa neno hili, na sababu zetu ni hizi.

Tarehe 6 Novemba 2022 ndege ya shirika la Precision Air, iliyotoka Dar es Salaam kwenda Bukoba, ilianguka katika Ziwa Victoria karibu kabisa na uwanja. Walikuwamo watu 43. Wakafa 19, na marubani wote wawili miongoni mwao. Waliotangulia kuifikia ni wavuvi, kwa mitumbwi na makasia. Baadaye kijana mmoja mvuvi alisifiwa nchi nzima, akapewa fedha, akaandikishwa katika Jeshi la Zimamoto na Uokoaji. Alistahili. Lakini twauliza: mbona mvuvi ajulikane baada ya maiti kuhesabiwa? Je, kabla ya siku ile hakuwako ziwani?

Wako wasemao kwamba mambo ya ndege ni ya wataalamu, na mvuvi hana elimu yake. Twajibu kwamba sheria ya wataalamu wenyewe haisemi hivyo. Mwaka 1944 mataifa yalifanya Mkataba wa Chicago juu ya usafiri wa anga, na Tanzania nayo imo. Kiambatisho chake cha 14 chaagiza kwamba uwanja ulio karibu na maji, ambao ndege zake hushuka au kupaa juu ya maji hayo, uwe na waokoaji na vyombo vifaavyo kwa hatari ya mahali pale. Chaagiza tena mazoezi kamili ya dharura, yasipitishe miaka 2. Nacho Kiambatisho cha 13 chasema kwamba ajali huchunguzwa ili nyingine isitokee, wala si kwa kutafuta wa kulaumiwa. Basi, kama ajali haina kinga, mataifa yachunguza nini?

Wengine husema, "Ndege huanguka mara chache; fedha ni heri ziende kwingine." Ni kweli kwamba ndege ni salama kuliko magari yetu ya barabarani. Lakini usalama huo haukuota kama majani ya mvua. Uliletwa na watu waliokataa kukunja mikono, wakajifunza katika kila ajali jambo moja la kuizuia ya pili.

Hata sisi wa Rufiji tunao ushahidi wetu. Katika vita vya 1914 manowari ya Kijerumani, Königsberg, ilijificha katika vijito vya delta yetu, na Waingereza wakarusha ndege kutoka Mafia ili kuitafuta na kuongoza mizinga. Tarehe 11 Julai 1915 moja ya ndege hizo ilipigwa, ikaanguka mtoni na watu 2, Cull na Arnold. Cull alinaswa na mkanda wake chini ya maji, akajinasua kwa shida. Mashua ya manowari Mersey ikawaendea, wakaopolewa wote wawili wakiwa hai. Hapo palikuwa na vita, na mizinga ikilia. Lakini mashua ilikuwa karibu, na watu wake walijua kazi yao. Lililowezekana mtoni kwetu wakati wa vita lashindikanaje ziwani wakati wa amani?

Wala tusidhani kwamba kupekua mizigo mlangoni kwatosha. Tarehe 23 Novemba 1996 watu 3 waliiteka ndege ya Ethiopia, wakamlazimisha rubani aelekee Australia, ingawa aliwaambia kwamba mafuta hayatoshi. Mafuta yakaisha, ndege ikatua baharini karibu na ufuko wa Ngazija. Katika watu 175 walikufa 125. Wengi walikuwa wamejaza hewa jaketi zao za kujiokolea wakiwa bado ndani. Maji yalipoingia yaliwainua hadi darini, wasiweze kupiga mbizi kuufuata mlango. Waliokuwapo pwani wakaenda kwa mashua kuwaokoa waliobaki. Ndipo twaona kwamba ulinzi wa mlangoni, maarifa ya abiria na mashua ya pwani ni nyuzi za kamba moja. Ukikatika mmoja, mzigo waanguka.

Sasa twasema tutakalo. Katika kila uwanja ulio kando ya maji, kama Bukoba, Mwanza, na Kilindoni kule Mafia, majina ya wavuvi na vyombo vyao yaandikwe. Wapewe kamba, mashoka na mafuta ya mashine, wafundishwe milango ya ndege ilipo na jinsi ifunguliwavyo, na siku ya mazoezi waitwe pamoja na askari wa zimamoto, nao walipwe kwa siku yao. Lilipofanyika hilo, na lidumishwe. Lisipofanyika, na lianzwe. Gharama yake ni ndogo mno mbele ya bei ya ndege moja, na roho ya mtu haina bei.

Nasi walimu tusijitoe. Huku kwetu ndege ndogo hupita juu ya mashamba, na watoto huinua macho wakishangilia. Tuwafundishe kuogelea, na kwamba jaketi hujazwa hewa mtu akiisha kutoka mlangoni. Na siku watakaposikia mtu akisema kwamba ajali haina kinga, wamwulize kwa adabu: "Mzee, mashua iko wapi?"