Pembe Katika Mashine ya Wakati

Wahakiki wanaoisifu The Time Machine (1895) ya H. G. Wells kwa kufichua mgongano wa matabaka kupitia kwa Waeloi na Wamorloki wameishia nusu ya njia. Mashine hiyo inayoutiisha wakati imeundwa kwa nikeli, fuwele na pembe za ndovu. Pembe hizo zilitoka wapi? Riwaya haisemi, nao wahakiki hawaulizi. Ilhali katika karne hiyo Unguja ilikuwa soko kuu la pembe zilizobebwa na wapagazi kutoka bara; na mwaka huo huo wa 1895 Uingereza ilitangaza himaya yake ya Afrika Mashariki. Msafiri anafika mwaka 802,701 bila kumtaja mpagazi. Uhakiki unaodai kuwatetea wanyonge hauna budi kuanzia kwa mpagazi huyo.